Mwezi wa Zuhura, Lilith na Wenzake: Maswali Yenu Kuhusu Miezi Isiyokuwepo

Toleo lililopita tuliandika sentensi moja tu, tena fupi, kwamba sayari ya Zuhura haina mwezi hata mmoja. Tukajua tumemaliza. Kumbe ndo tumechokoza nyuki, maana meseji zimemiminika, wengine mkiutetea huo mwezi wa Zuhura kama vile ni shamba la urithi. Basi leo ukurasa wote ni wa miezi isiyokuwepo. Angalizo dogo kabla hatujaanza, humu nikisema "miezi" sio ile ya kwenye kalenda, ni ile inayozunguka sayari. Kiswahili kimetupa neno moja kwa kazi mbili, tutavumiliana.

SWALI: Mmesema Zuhura haina mwezi. Mimi nimesoma kwamba Cassini, yule yule wa miezi ya Zohali, aliuona kabisa na zaidi ya mara moja. Sasa hapo muongo ni nani, nyie au yeye?

JIBU: Hakuna muongo, na hapo ndo utamu wa stori ulipo. Giovanni Cassini, mtaalamu wa anga wa karne ya 17, hakuwa mtu wa kubabaisha. Miezi minne ya Zohali ni kazi ya macho yake: Iapetus mwaka 1671, Rhea 1672, halafu Tethys na Dione 1684. Sasa mtu wa aina hiyo, Januari 1672, anachungulia kwenye darubini anaona pembeni ya Zuhura kuna kitu kidogo, kimekatika umbo la hilali kama Zuhura yenyewe ilivyokuwa siku ile, na upana wake ni kama robo ya upana wa Zuhura. Akanyamaza. Miaka 14 mtu kanyamaza na siri yake! Agosti 1686 akakiona tena, ndo akakitangaza.

Hebu fikiria mtu wa wakati ule alivyoipokea hiyo habari. Zuhura inakaribiana sana na Dunia kwa ukubwa, na mwezi wetu upana wake ni kama robo ya Dunia. Kwahiyo Zuhura kuwa na mwezi wa robo yake ilikuwa inaingia akilini kabisa, yaani ilionekana kama pacha wa Dunia kapatikana pamoja na pacha wa mwezi wake. Mi nadhani hicho ndo kilichouweka huo mwezi hai muda mrefu, kwamba ulikuwa unafaa mno.

Mwaka 1740 James Short, fundi maarufu wa darubini pale London, naye akauona. Halafu ikaja 1761, mwaka ambao Zuhura ilipita mbele ya jua, kila mwenye darubini Ulaya kaielekeza huko, na ripoti zikafumuka. Jamaa mmoja wa Limoges, Ufaransa, anaitwa Montaigne, akauona siku kadhaa ndani ya Mei. Mambo yakanoga mpaka mfalme Frederick wa Prussia akapendekeza mwezi upewe jina la mwanahesabu d'Alembert, na d'Alembert akakataa kiungwana. Alifanya la maana sana, sijui alihisi nini.

Sasa kitu chenyewe kilikuwa nini? Mwaka 1766 Maximilian Hell, mkuu wa kituo cha uangalizi wa anga cha Vienna, akaja na maelezo ambayo kwa kiasi kikubwa yanakubalika mpaka leo. Zuhura inang'aa mno. Nuru yake ikipita kwenye darubini ikafika jichoni, kiasi fulani kinadunda kwenye uso wa jicho, kinarudi kwenye lenzi, kinadunda tena kuja jichoni, na wewe unaona Zuhura mbili, kubwa na kivuli chake kidogo hafifu. Ndo maana hilali zilifanana. Na hapa tuwatendee haki wale wazee, kwasababu mwezi wa kweli ulio jirani na Zuhura ungemulikwa na jua lile lile kwa upande ule ule, kwahiyo nao ungekuwa hilali hiyo hiyo. Ushahidi ulikuwa unakubaliana na pande zote mbili! Ungekuwa wewe ungefanyaje?

Kilichouua ni tabia yake. Mwezi wa kweli, darubini ikiwa nzuri zaidi ndo unauona vizuri zaidi. Huu ulikuwa kinyume, darubini zinavyoboreshwa wenyewe unazidi kupotea, na baada ya 1768, pale Copenhagen, haukuonekana tena. Zuhura ikapita mbele ya jua tena 1874 na 1882, na mwezi wala.

SWALI: Huo mwezi nimeona unaitwa Neith. Kama haupo nani kaupa jina, na jina la nini?

JIBU: Swali zuri kuliko linavyoonekana, maana jina lilikuja mwezi ukiwa umeshakufa zaidi ya miaka mia. Aliyeupa ni Houzeau, Mbelgiji, aliyekuwa mkurugenzi wa kituo cha kifalme cha Brussels. Mwaka 1884 alikusanya zile taarifa zote za zamani akaona zinajirudia kila baada ya siku 1,080 hivi, akasema basi huu sio mwezi, ni kisayari kinachozunguka jua kwa siku 283 na mara moja moja kinakutana na Zuhura njiani. Akakiita Neith, mungu mke wa Misri ya kale, mwenyeji wa mji wa Sais. Plutarch, mwandishi Mgiriki wa kale, ameandika kwamba pale Sais kulikuwa na sanamu yenye maandishi ya kusema hakuna binadamu aliyewahi kuinua shela yake. Kwa kitu kinachoonekana na kupotea, lazima ukubali mzee aliweza kuchagua.

Raha haikudumu. Mwaka 1887 Mbelgiji mwenzake, Paul Stroobant, akazipitia taarifa moja moja, tarehe na mahali Zuhura ilipokuwa, akagundua nyingi ni nyota za kawaida tu zilizokuwa nyuma ya Zuhura siku hiyo. Kwahiyo ukichanganya nyota za Stroobant na vivuli vya Hell hakubaki kitu. Karibu, maana imebaki moja ya kero: Agosti 1892 Edward Barnard, akiwa kituo cha Lick kule California, aliona kinyota jirani na Zuhura ambacho hakimo kwenye ramani yoyote, na mpaka leo hakijatambuliwa. Na huyu sio wa kumpuuza, wiki chache baadaye, Septemba 9, aligundua Amalthea, mwezi wa tano wa Mshtarii. Inawezekana ilikuwa nyota iliyolipuka ghafla ikafifia. Kwamba ni Neith, hapana.

SWALI: Samahani kama hili sio la sayansi. Nimesomewa nyota kwenye programu ya simu nikaambiwa "Lilith yako iko kwenye Nge". Lilith ni sayari gani, mbona shuleni hatukufundishwa?

JIBU: Usiombe samahani, hili ndo swali lililotupa kazi kubwa kuliko yote, maana ziko Lilith tatu na watu wanazichanganya kama karata.

Ya kwanza ndo mwezi wa kufikirika hasa. Mwaka 1898 bwana Georg Waltemath wa Hamburg alitangaza kwamba Dunia ina mwezi wa pili, uko umbali wa kilomita 1,030,000, upana kilomita 700, na kwamba mwanzoni mwa Februari utapita mbele ya jua, watu wajiandae. Siku ikafika. Kwenye posta ya mji wa Greifswald watu 12 wakaangalia jua wakasema wameuona. Wataalamu waliokuwa wanaliangalia jua muda ule ule kwa vifaa wakaona madoa ya jua ya kila siku basi. Ungetegemea stori iishe hapo si ndio? Ukistaajabu ya Musa utayaona ya Firauni. Mwaka 1918 mnajimu Mwingereza aliyejiita Sepharial akauokota ule mwezi wa Waltemath, akaubatiza Lilith, akasema hauonekani kwasababu ni mweusi. Wakati Waltemath mwenyewe alidai kuna nyakati unang'aa usiku kama jua! Yaani mwezi umerithiwa, mrithi kageuza sifa zote za marehemu, na bado watu wakaupokea.

Lilith ya pili, inayoitwa Mwezi Mweusi, ndo hiyo ya kwenye simu yako kwa uwezekano mkubwa, na hii sio kitu kabisa, ni mahali. Mwezi wetu hauzunguki kwa duara kamili, kuna pahala unasogea mpaka kama kilomita 363,000 na pahala unaenda mbali mpaka 405,000 na ushee. Ile sehemu ya mbali ndo wanajimu wanaiita Lilith. Hakuna jiwe pale, hakuna vumbi, ni nukta ya hesabu. Nukta yenyewe inahama taratibu, inamaliza mzunguko kwa miaka 8.85, kwahiyo inakaa kwenye kila nyota ya unajimu karibu miezi tisa (hii sasa ni ya kalenda). Maana yake wote waliozaliwa ndani ya ile miezi tisa na wewe wana Lilith kwenye Nge. Mko wengi sana, msiogope.

Ya tatu ipo kweli, ni asteroidi, yaani jiwe linalozunguka jua, namba 1181, iligunduliwa Algiers mwaka 1927, inaitwa Lilith, na cha kuchekesha haihusiani na hayo mambo ya giza hata kidogo, ilipewa jina kumuenzi Lili Boulanger, mtunzi wa muziki wa Ufaransa.

Lilith wa kwenye visa ana mizizi kwenye mapepo ya usiku ya Mesopotamia. Kwenye Biblia ya Kiebrania yumo mara moja tu, Isaya 34:14, na tafsiri nyingine zimeweka kiumbe cha usiku, nyingine bundi. Kile kisa cha kwamba alikuwa mke wa kwanza wa Adamu akagoma kuwa chini yake akaondoka zake, kimetoka kwenye maandishi ya Kiyahudi ya zama za kati. Sasa unaona kwanini Sepharial alimpenda. Mwanamke wa giza, kakimbia, haonekani, analaumiwa kwa kila kitu. Ungeitwa "Mwezi wa Pili wa Waltemath" nadhani ungesahaulika kabla hata ya Vita vya Kwanza vya Dunia kuisha, ila umeitwa Lilith na karne imepita upo kwenye simu yako.

SWALI: Lakini kitu kutoonekana si ushahidi kwamba hakipo. Mwezi mweusi si unaweza kuwa upo tu gizani?

JIBU: Hoja tamu ila inasahau kwamba mwezi hauonekani tu, unavuta pia. Kitu chochote chenye uzito wa maana kikituzunguka lazima kiyumbishe njia ya mwezi wetu na ya satelaiti zote. Na mwezi wetu tunaupima kwa ukaribu wa ajabu. Kuanzia Apollo 11 mwaka 1969 wanaanga waliacha vioo kule juu, watu wanapiga leza kutoka huku inadunda inarudi, na umbali unajulikana kwa sentimita. Hivyo ndo tulivyojua kwamba mwezi unatukimbia kwa sentimita 3.8 kila mwaka. Mtu unayejua sentimita 3.8 utaukosa mwezi mzima?

Na watu waliutafuta kwa nia safi kabisa. Clyde Tombaugh, aliyegundua Pluto mwaka 1930, miaka ya 1950 alikaa anatafuta vimwezi vidogo vya Dunia akatoka mikono mitupu.

Mfano ninaoupenda mimi ni wa kabla ya hapo, mwaka 1846, Frédéric Petit, mkurugenzi wa kituo cha Toulouse. Alichukua taarifa za kimondo kilichoonekana jioni ya Machi 21, akapiga hesabu zake, akatangaza ni mwezi wa pili wa Dunia unaozunguka kwa saa mbili na dakika 45 hivi, na ukishuka chini kabisa unakuwa kilomita 11.4 kutoka ardhini. Kilomita 11! Huko ndo ndege za abiria zinapopita leo. Kwa msuguano wa hewa huo mwezi usingemaliza hata raundi moja. Wenzake walimsikiliza wakaguna, akasahaulika, mpaka Jules Verne akautumia mwezi wake kwenye riwaya ya kuzunguka mwezi iliyotoka 1870, ukawa maarufu kuliko Petit mwenyewe.

SWALI: Vipi lile joka linalomeza mwezi wakati wa kupatwa, nalo tuliweke kundi hili?

JIBU: Ndio na hapana. Kwenye visa vya Kihindu kuna Rahu, pepo aliyeiba maji ya uzima, akaanza kuyanywa, Vishnu akamkata kichwa kabla hayajapita kooni. Kichwa kikabaki hai, ndo Rahu, kiwiliwili kikaitwa Ketu. Kichwa kinalifukuza jua na mwezi kwa hasira, kikiumeza mwezi unatokea upande wa pili shingoni kwasababu tumbo hakina. Mantiki safi, na inaeleza kwanini kupatwa kunaisha!

Ila tofauti na Lilith, wale wanahesabu wa India walijua wanachokisema. Rahu na Ketu kwenye hesabu zao ni zile sehemu mbili ambapo njia ya mwezi inakatiza njia ya jua, na kupatwa hakutokei kama mwezi haujakaribia mojawapo. Sehemu hizo zinarudi nyuma taratibu zinamaliza mzunguko kwa miaka 18.6. Waarabu na Waajemi nao walikuwa na lao, kichwa na mkia wa joka. Kwahiyo Rahu hayupo lakini ukimfuata unapata tarehe ya kupatwa. Lilith ukimfuata unapata nini?

SWALI: Ni kweli kuna mtunzi wa hadithi aliyetabiri miezi ya Mirihi?

JIBU: Alibahatisha. Jonathan Swift, kwenye safari za Gulliver za mwaka 1726, anasema wataalamu wa kisiwa chake kinachoelea wamegundua miezi miwili ya Mirihi, mmoja unazunguka kwa saa 10, mwingine saa 21 na nusu. Miezi halisi, Phobos na Deimos, aliigundua Asaph Hall Agosti 1877, na ni miwili kweli, ila saa ni 7.7 na 30.3. Wazo la miezi miwili lilikuwepo tangu enzi za mtaalamu wa anga Kepler, watu walikuwa wanasema Dunia ina mmoja, Mshtarii ina minne (iliyokuwa inajulikana), basi Mirihi iliyo katikati iwe na miwili. Hesabu ya ovyo, jibu sahihi. Leo kwenye Deimos kuna kreta inaitwa Swift.

SWALI: Wahenga walisema lisemwalo lipo, kama halipo laja. Je mwezi wa Zuhura hauwezi kuja?

JIBU: Ehe, hili nilikuwa nalisubiri. Umeshakuja, kidogo. Kuna asteroidi iligunduliwa mwaka 2002 ikapewa namba 2002 VE68. Inazunguka jua kwa muda sawa na Zuhura, kiasi kwamba ungekuwa umekaa Zuhura ungeiona kama inakuzunguka wewe. Sio mwezi kamili, ni nusu mwezi kwa lugha ya mtaani, haijafungwa na mvuto wa Zuhura, na njia yake haitadumu milele. Mwaka 2004 ndo watu wakaitambua hivyo, na ilikuwa ya kwanza ya aina yake kwa sayari yoyote.

Sasa sikia. Mtangazaji mmoja, Latif Nasser wa kipindi cha redio cha Marekani kiitwacho Radiolab, aliona kwenye bango la mtoto wake la sayari kwamba Zuhura ina mwezi unaitwa Zoozve. Akatafuta, hakuna anayeujua. Kumbe mchoraji wa bango alijiandikia "2002 VE", na baadaye akasoma mwandiko wake mwenyewe vibaya, 2 zikawa Z na sifuri zikawa O! Nasser akaomba kwa Umoja wa Kimataifa wa Astronomia na Februari 2024 ikapitishwa, inaitwa Zoozve rasmi. Cassini kauona mwezi hauna jina, Houzeau kaleta jina hakuna mwezi, na hatimaye jina la makosa ndo limepata jiwe lake.

Dunia nayo hupata wageni. Kijiwe 2024 PT5, upana kama mita 10, kiligunduliwa kwa darubini iliyoko Afrika Kusini, na mvuto wetu ukakishika kuanzia Septemba 29 mpaka Novemba 25, 2024, kikaenda zake bila hata kumaliza raundi.

SWALI: Nina darubini ndogo. Juzi nimeona kidoa pembeni ya Zuhura. Nicheke au niwaandikie wataalamu?

JIBU: Usijicheke, Machi 1974 chombo cha Mariner 10 kilipokaribia Utaridi wataalamu wa Marekani wenyewe walidhani wamepata mwezi wa Utaridi, kumbe ni nyota ya mbali. Fanya hivi. Kwanza sogeza jicho kidogo kushoto na kulia, kidoa kikicheza na jicho lako ni kivuli cha Hell. Kisha sogeza darubini Zuhura iwe pembeni ya duara la kuonea, kidoa kikikimbilia upande wa pili ni lenzi hiyo. Badilisha lenzi ya jichoni. Kama bado kipo fungua ramani ya nyota ya tarehe na saa ile. Kisha rudi kesho yake, Zuhura itakuwa imesogea, na kama kidoa kimebaki nyuma hiyo ni nyota. Kama kimesogea nayo, na kwenye ramani hakimo, hapo usituandikie sisi kwanza, waandikie wa kituo cha uangalizi wa anga, sisi utatupa picha.